Nuru Isiyoonekana: Taswira ya Mtandao na Historia ya Mombasa

Katika riwaya ya Neuromancer (1984), William Gibson aliusawiri mtandao wa kompyuta kwa taswira ya taa za mji. Historia ya Mombasa yaikosoa taswira hiyo. Mnamo 1890 waya wa telegrafu ulilazwa baharini kuunganisha Mombasa na Unguja. Mnamo 2009 ikawasili kebo ya TEAMS, yenye nyuzi za kioo, kutoka Fujairah, pande zile zile ambako kaskazi iliyaleta majahazi. Nuru ipitayo ndani yake haionekani kwa macho. Basi mtunzi atakayeubuni mji wa kesho akiwa Mjambere, Kisauni, asihadaiwe na mng'ao. Aanze na kilichozamishwa, kisha aulize: nuru hiyo yapita kwa nani, na yamfikia nani?