Pensheni Mahakamani: Kutoka Fadhila hadi Haki

Mwaka 1834 Bunge la Uingereza lilitunga sheria ya pensheni za watumishi wa umma, na humo likajiwekea kinga: hakuna mtumishi mwenye haki kamili ya kudai malipo ya utumishi wake uliopita. Pensheni ilikuwa fadhila, na fadhila haidaiwi mahakamani. Aliyecheleweshewa aliandika barua ya kuomba, akasubiri. Kifungu hicho kilienea makoloni. Sheria ya Pensheni ya Kenya, Sura ya 189, ilikirithi takriban neno kwa neno.

India ndiyo iliyoibomoa dhana hiyo. Mwaka 1971, katika kesi ya Deokinandan Prasad dhidi ya Jimbo la Bihar, Mahakama ya Juu iliamua kwamba pensheni ni mali ya mstaafu. Mwaka 1982, katika kesi ya D. S. Nakara, ikaongeza kwamba ni malipo ya kazi iliyokwisha kufanywa. Miaka miwili baadaye ikaja kesi ya ucheleweshaji wenyewe, kutoka Kerala. Ofisa mmoja alistaafu Mei 1973, na fedha zake zikatoka baada ya zaidi ya miaka miwili, kwa kuwa ofisi ya hazina haikutoa hati ya mshahara wake wa mwisho. Majaji walisema miezi miwili baada ya kustaafu yatosha. Ikizidi hapo, serikali ilipe riba ya adhabu kwa kiwango cha soko.

Huku kwetu deni kubwa lilizaliwa mwaka 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika na kuwaacha wafanyakazi wa reli, bandari, posta na ndege bila mwajiri. Mwaka 1984, kwa usuluhishi wa Mswisi Victor Umbricht, Kenya, Uganda na Tanzania zilikubaliana jijini Arusha kwamba kila nchi italipa mafao ya raia wake. Mkataba ulisainiwa na serikali; wazee hawakuwa mezani. Nchini Tanzania zaidi ya 31,000 kati yao walifungua kesi Mahakama Kuu mwaka 2003, yakafikiwa maridhiano mwaka 2005, na mabishano kuhusu nani kalipwa na nani kapunjwa yakaendelea. Wakenya walikwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, wakagonga mwamba mwaka 2012: mkataba wa Jumuiya mpya, ulioanza kutumika mwaka 2000, hauwezi kurudi nyuma kufufua madai ya ile ya zamani. Waliochelewa kulipwa wakaambiwa wao ndio waliochelewa.

Hata anayeshinda hajamaliza. Sheria za mashauri ya serikali, Kenya na Tanzania, haziruhusu hukumu dhidi ya serikali ikaziwe kama ya mtu binafsi: dalali wa mahakama hawezi kukamata gari la wizara. Mstaafu huchukua hati ya hukumu, huipeleka kwa ofisa mwenye dhamana ya malipo, na akinyamaziwa hurudi mahakamani kuomba amri ya kumlazimisha ofisa huyo atimize wajibu wake. Ofisa akikaidi tena, ndipo hushtakiwa kwa kudharau mahakama. Kila hatua ina tarehe zake, wakili wake na maahirisho yake, na wengine hufia njiani, kesi ikaendelezwa na wasimamizi wa mirathi.

Karne mbili zimebadili jina la pensheni, kutoka fadhila hadi haki, lakini kuchelewa kumebaki na faida kwa mdaiwa. Anayelipa kiasi kilekile baada ya miaka kumi amelipa pungufu, maana bei hazikumsubiri. Ndiyo maana riba ni tiba kuliko pole, na inapaswa kuhesabiwa yenyewe tangu tarehe iliyotajwa na sheria. Pasipo na sheria hiyo, mstaafu aidai waziwazi na asiiachie njiani. Yule wa Kerala alidai asilimia 12, akapewa 6, asikate rufaa kuhusu upungufu huo. Mahakama ya Juu ilisikitika, ikamwachia 6 zake.