Kuidai Serikali Mahakamani

Somo la leo ni la historia, nalo litawafaa hasa ninyi mnaofanya kazi za ufundi.

Tuseme wewe ni fundi wa Ugalla, mkoani Katavi. Umepewa kandarasi ya kujenga darasa la shule. Umenunua saruji na mabati kwa fedha zako, umewalipa vibarua, na kazi imekaguliwa ikakubaliwa. Miezi yapita, hulipwi. Kila ukienda ofisini Mpanda waambiwa, "Njoo kesho." Je, waweza kuipeleka Serikali mahakamani?

Katika sheria ya kale ya Uingereza, Mfalme hakuweza kushtakiwa katika mahakama zake bila ruhusa yake mwenyewe. Waingereza walikuja na fikira hiyo Tanganyika. Hata baada ya Uhuru haikutoweka. Sheria ya mashauri ya Serikali ilitungwa mwaka 1967. Ilipobadilishwa mwaka 1974, mtu alitakiwa apate kwanza kibali cha Waziri. Basi mdaiwa ndiye aliyeamua kama adaiwe au asidaiwe!

Mwaka 1984 haki za binadamu ziliandikwa katika Katiba. Ndipo mwaka 1993, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun, Mahakama ya Rufani iliamua kwamba sharti la kibali ni kinyume cha Katiba, kwa kuwa lamzuia mtu kufika mahakamani. Mwaka 1994 sheria ikarekebishwa. Kibali kikaondoka, ikabaki taarifa ya siku 90.

Sasa fundi wetu afanyeje? Kwanza, aiandikie ofisi inayodaiwa, na nakala ampelekee Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Aeleze deni ni kiasi gani na limetokana na nini. Pili, angoje siku 90. Huenda akalipwa pasipo kesi. Tatu, asipolipwa, afungue shauri Mahakama Kuu. Tangu mwaka 2020 ni lazima Mwanasheria Mkuu aunganishwe katika shauri, hata kama mdaiwa ni halmashauri. Wala asikawie, kwa maana dai la mkataba lina muda wa miaka 6 tu.

Akishinda, asidhani gari la Serikali litapigwa mnada. Sheria yakataza. Mahakama humpa hati inayoonyesha kiasi anachostahili, na kwa hati hiyo Serikali hutakiwa kulipa.

Ndugu mwanakisomo, zamani mlango ulifungwa na kibali. Leo waweza kufungwa na kukosa karatasi. Mkataba, hati ya ukaguzi, stakabadhi za saruji: hizo ndizo zitakazokusemea. Wahenga walinena, mali bila daftari hupotea bila habari. Usitie sahihi usichokisoma, wala usitupe ulichotia sahihi.

Maswali ya kuzungumza darasani:
1. Kibali cha Waziri kilikuwa na ubaya gani?
2. Siku 90 zamsaidiaje mdai? Zamsaidiaje mdaiwa?
3. Andika barua fupi ya kudai malipo ya kazi uliyoimaliza.