Dieudo Hamadi: kamera inayokaa na wenye kusahauliwa

Dieudo Hamadi ni mtengeneza filamu wa Kongo, aliyezaliwa Kisangani mwaka wa 1984. Alianza na masomo ya udaktari, kisha akashika kamera. Filamu zake si za kuigiza. Anafuata watu wa kweli siku kwa siku, mpaka wanaizoea kamera na kuendelea na maisha yao. Hakuna sauti ya mtaalamu anayefasiria mambo; wenyewe ndio wanasema.

Mu filamu Examen d'État (2014) tunaona wanafunzi wa Kisangani wanaofukuzwa shuleni juu ya kukosa prime ya walimu. Wanaenda kukaa pamoja mu nyumba moja, ile wanaita maquis, na wanajitayarishia mtihani humo. Maman Colonelle (2017) inafuata kolonel Honorine Munyole, polisi aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Kazi yake ni kulinda wanawake waliobakwa na watoto wanaosingiziwa uchawi.

Filamu yake inayojulikana sana ni En route pour le milliard, ya mwaka wa 2020. Ndiyo filamu ya kwanza ya Kongo iliyochaguliwa mu orodha rasmi ya festivali ya Cannes.

Habari yake inaanzia mwezi wa sita mwaka wa 2000. Toka tarehe 5 mpaka 10, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya mji wa Kisangani. Ndiyo Vita ya Siku Sita. Mabomu yalianguka mu nyumba za raia. Mamia ya watu walikufa, wengine wakabaki bila mguu ao mkono. Mwaka wa 2005, Korti ya Kimataifa ya Haki, kule La Haye, ilisema Uganda inapashwa kulipa Kongo fidia. Lakini miaka ilipita, wahanga hawakuona kitu.

Basi kikundi chao kikapanda boti na kushuka mto, karibu kilometa 1 700, mpaka Kinshasa. Wengine wanatembea na magongo, wengine na miguu ya bandia. Mvua inawanyeshea njiani. Wakifika mbele ya Bunge, wanazuiwa mlangoni.

Hapo ndipo nguvu ya Hamadi inaonekana. Hatafuti machozi ya mtazamaji. Anaonyesha watu hao wakibishana, wakiimba, wakicheza teatri juu ya yale yaliyowapata. Mwishowe mtu anaelewa kama hawa si waombaji. Wanadai deni lao.

Tarehe 9 mwezi wa pili 2022, Korti ilikata hesabu: dola milioni 325, na kati yake milioni 225 ni kwa ajili ya madhara ya watu. Uganda ilianza kulipa mwaka ule ule. Deni sasa lina hesabu. Swali la Kisangani linabaki lile lile waliloenda nalo mu boti: makuta hayo yatafika mu mikono ya nani?