Mamlaka ya Kuvunja Mashtaka: Kutoka Kanuni za India hadi Mahakama ya Kisii

Mamlaka ya jaji ya kuivunja kesi ya jinai kabla ya hukumu, yaani kuamuru mashtaka yakome kwa kuwa kuendelea kwake ni kuitumia mahakama vibaya, yana historia inayoanzia ng'ambo ya bahari. Waingereza walipoitawala Afrika Mashariki, kuanzia 1897 walizitumia huku kanuni walizokuwa wameziandika kwa ajili ya India, za adhabu, za ushahidi na za mwenendo wa mashtaka. Kanuni hizo ndizo zilizofika Kisii, magharibi mwa Kenya, boma lilipofunguliwa mwaka 1907, na mwanzo wake haukuwa wa amani: Januari 1908 ofisa G. A. S. Northcote alichomwa mkuki na Otenyo, mpiganaji wa Abagusii, wenyeji wa eneo hilo, na jeshi likatumwa kuwaadhibu, likaua watu na kuteka mifugo.

Kabla ya hapo, ugomvi wa mipaka au mifugo uliamuliwa na etureti, baraza la wazee wa mtaa, na fidia ikishalipwa na pande mbili zikapatana, hapakubaki la kushtakiwa. Sheria mpya ililifanya kosa kuwa mali ya Serikali, hivi kwamba majirani waliopatana hawakuwa tena na uwezo wa kuiondoa kesi yao wenyewe, isipokuwa katika makosa madogo ya watu binafsi ambayo hakimu anaruhusiwa kuyasuluhisha. Hilo ndilo badiliko lililoumiza zaidi.

Nchini India, zilikotoka kanuni hizo, kanuni ya mwenendo wa mashtaka iliongezewa mwaka 1923 kifungu cha 561A, kilichotamka kwamba Mahakama Kuu ina uwezo wa asili wa kuzuia matumizi mabaya ya mahakama. Kifungu hicho kikawa cha 482 mwaka 1973, na sasa ni cha 528 katika sheria mpya iliyoanza kutumika Julai 2024. Kenya ilipoziacha kanuni za India za adhabu na za mwenendo wa mashtaka mwaka 1930 na kutunga zake, haikukichukua kifungu hicho. Uwezo wa kusimamisha kesi ulibaki kwa Mwanasheria Mkuu, ambaye angeweza kuiondoa bila kutoa sababu, na mshtakiwa aliyeonewa hakuwa na kifungu cha kushika mkononi.

Pengo hilo lilizibwa na majaji wenyewe. Mwaka 1986, katika kesi ya Stanley Githunguri, aliyeshtakiwa kwa makosa ya fedha za kigeni yaliyodaiwa kutendeka miaka tisa nyuma, ilhali Mwanasheria Mkuu alikuwa ameshaamua asishtakiwe, Jaji Mkuu Chunilal Madan na wenzake wawili walizuia mashtaka hayo wakiyaita usumbufu na uonevu. Uamuzi huo unastahili heshima kubwa, kwa kuwa ulitolewa wakati ambapo kuikatalia Serikali hakukuwa jambo jepesi. Katiba ya 2010 iliupa msimamo huo msingi imara: mashtaka yalikabidhiwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ambaye hawezi kuyaondoa bila idhini ya mahakama, na ambaye chini ya Ibara ya 157 anapaswa kuzingatia maslahi ya umma, haki na kuzuia matumizi mabaya ya sheria.

Kisii na Nyamira, ambako mashamba ni madogo na mpaka mara nyingi ni mstari wa michai tu, si ajabu ugomvi wa ardhi ukageuzwa kuwa shtaka la kuharibu mali au la kushikilia ardhi kwa nguvu. Mwombaji, yaani mshtakiwa anayetaka shtaka livunjwe, hufika Mahakama Kuu na kiapo cha maandishi, akiambatisha hati ya mashtaka na nakala ya hati miliki, na huomba kwanza amri ya muda ili asisomewe mashtaka. Jaji hapimi kama mtu huyo ana hatia, bali kama shtaka lililetwa kwa nia ya kutafuta haki au kwa nia ya kumlazimisha aachie shamba. Kuwepo kwa kesi ya madai kuhusu shamba hilohilo hakutoshi, kwani kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai kinaruhusu kesi zote mbili ziende sambamba. Anayeshindwa kuithibitisha nia hiyo mbaya hurudi kwa hakimu kujibu mashtaka.