Gado (mchora katuni)

Godfrey Mwampembwa, maarufu kama Gado (alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1969), ni mchora katuni za kisiasa kutoka Tanzania anayefanya kazi zake Nairobi, Kenya.

Alisomea usanifu majengo katika Chuo cha Ardhi, Dar es Salaam, akaacha masomo mwaka 1992 na kujiunga na Nation Media Group, Nairobi. Huko alichora katuni za gazeti la Daily Nation kwa zaidi ya miaka 20. Baada ya wanasiasa wa Kenya Uhuru Kenyatta na William Ruto kushtakiwa katika Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, aliwachora kila mara wakiburuta mnyororo wenye tufe zito la chuma mguuni. Alama hiyo ilimkumbusha msomaji, hata asiyesoma maelezo, kwamba wakubwa nao hujibu mashtaka. Mkataba wake na Nation haukuongezwa mwaka 2016.

Mwaka 2009 alianzisha The XYZ Show, kipindi cha runinga kilichowaiga wanasiasa kwa vikaragosi vya mpira. Alipata Tuzo ya Prince Claus ya Uholanzi mwaka 2007. Ameifanya katuni kuwa sauti ya mwananchi mbele ya watawala.