Mkanda wa Habari

Mwaka 1910 kampuni ya Pathé ya Ufaransa ilianza kuwaonyesha Waingereza habari kwenye sinema: picha za dakika chache, mpya kila wiki, zikitangulia picha kubwa. Huo ndio mkanda wa habari. Wengine husema filamu ya habari. Si kosa, ila jina hilo labeba hata filamu ya saa nzima juu ya wakulima wa mwani. Mkanda ni ule wa toleo, uliotoka, ukaonyeshwa, ukapitwa.

Tumezoea kuuita bubu, lakini ukumbini kulikuwa na mpiga piano, na katikati ya picha vilipita vibao vya maandishi. Wakati wa Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia, vibao ndivyo vilivyosema zaidi ya picha.

Chukua mapigano ya ng'ambo ya kisiwa cha Mafia. Königsberg, manowari ya Wajerumani iliyoizamisha Pegasus ya Waingereza bandarini Unguja Septemba 1914, ilijificha delta ya Rufiji. Januari 1915 Waingereza waliiteka Mafia, baadaye wakafyeka kiwanja cha ndege. Tarehe 6 Julai, na tena tarehe 11, Severn na Mersey, manowari zisizohitaji maji mengi, ziliingia mtoni na kurusha makombora juu ya mikoko, kilomita kadhaa. Wapiga mizinga hawakuiona shabaha yao. Ndege kutoka Mafia ndiyo iliyoizungukia, ikiwaarifu kwa simu ya upepo kila kombora lilipoangukia. Tarehe 11 ndege hiyo ikapigwa. Rubani Cull akawa anaishusha, na mwenzake Arnold, huku wanaanguka, anaendelea kutuma masahihisho! Waliangukia majini, wakaokolewa. Königsberg iliishia hapo siku hiyohiyo.

Sasa mpiga picha angepata nini? Kamera yake ilikaa juu ya miguu mitatu, naye akizungusha mpini kwa mkono, kama mara mbili kila sekunde. Angepata moshi, mikoko, na mabaharia wakibeba makombora. Adui hayumo.

Ulaya nako maofisa waliwazuia wapiga picha kufika mstari wa mbele, kwa hiyo mikanda ikajaa gwaride, na askari wakipanda treni. Filamu ndefu ya vita vya Somme ya mwaka 1916 ilifika karibu zaidi, lakini hata humo, askari wanaoonekana wakiruka kutoka handakini kwenda kushambulia walikuwa wakiigiza. Mwaka 1917 Wizara ya Vita ya Uingereza ikauchukua mkanda wa Topical Budget, picha na vibao vyake.