Redio ya setilaiti: Namna ya kufunguliwa vituo na mitego iliyopo

MTU anunuapo redio ya kawaida huiwasha, akatafuta kituo na kusikiliza. Redio ya setilaiti haiko hivyo. Mnunuzi anaweza kuifunga garini au kuiweka sebuleni, akaunganisha antena ipasavyo, na bado asisikie ila kituo kimoja ambacho kampuni hukitumia kujinadi. Vituo vingine vyote vinamfikia pale pale alipo, lakini vimefungwa, na havifunguki hadi mwenye mitambo atume amri kutoka angani.

Wakenya wanaotumia ving'amuzi vya televisheni vya kulipia wanaifahamu hali hii. Ada ikiisha picha hutoweka, ingawa dishi liko sawa na mvua haijanyesha. Tofauti ni kwamba redio husafiri. Huingia chini ya madaraja, huegeshwa katika maegesho ya ghorofani na kuzimwa mara nyingi kwa siku, na hapo ndipo matatizo mengi ya kufunguliwa huduma huanzia.

Nchini Marekani na Canada biashara hii imo mikononi mwa kampuni moja, SiriusXM, iliyotokana na kuungana kwa XM na Sirius mnamo Julai 2008. Ina wateja zaidi ya milioni 30, na magari mengi mapya huuzwa yakiwa na redio yake tayari. Kwa sababu hiyo Mkenya anayeishi huko na kuendesha teksi au lori hukutana nayo hata kama hakuitafuta.

Jambo la kwanza ni kuijua nambari ya redio yenyewe. Katika redio nyingi mtu huenda kituo nambari 0, na kiooni huonekana maandishi Radio ID yakifuatwa na nambari. Isipoonekana hapo, hutafutwa katika orodha ya mipangilio, au kwenye kibandiko kilicho nyuma ya kifaa au juu ya sanduku lake. Redio za mfumo wa Sirius zina tarakimu 12, nazo za mfumo wa XM zina alama nane zilizochanganya herufi na tarakimu. Katika hizo za XM herufi I, O, S na F hazitumiki kamwe. Kwa hivyo kinachofanana na O ni sufuri, na kinachofanana na S ni tano. Anayekosea hapo huweza kuzungumza na mhudumu kwa muda mrefu bila mafanikio, kila mmoja akidhani mwenzake ndiye asiyesikia vizuri.

Nambari ikishapatikana, mteja hupiga simu au huingia katika tovuti ya kampuni, akaitaja pamoja na jina lake, anwani na kadi ya malipo, kisha akachagua aina ya huduma. Ajihadhari hapo, kwani bei inayotangazwa mara nyingi si kiasi kamili kitakachokatwa. Kuna kodi, na kuna ada nyingine ya haki za wanamuziki ambayo huongezwa juu ya huduma zenye vituo vya muziki.

Baada ya hapo amri hutumwa. Yafaa kueleza inavyofanya kazi, maana ndilo jambo linalowatatiza wengi. Redio hii husikia tu, haijibu. Setilaiti haijui gari liko Boston au Dallas, wala haijui kama redio imewashwa. Hutangaza amri kwa bara zima, na kila redio husikiliza kama nambari yake imetajwa. Ni kama mwalimu anayeita majina darasani bila kuinua macho kutoka kwenye daftari. Aliyekuwa nje wakati huo hawezi kujua kwamba ameitwa.

Ndiyo sababu mteja huambiwa alitoe gari nje ya gereji, aliegeshe mahali penye anga wazi, awashe redio na kuiacha kwenye kituo nambari 1 hadi vituo vingine vifunguke. Kwa kawaida ni suala la dakika chache. Visipofunguka, hahitaji kulipa tena. Huiomba kampuni irudie amri, na huduma hiyo hupatikana kwa simu au kwenye tovuti. Gari lililokaa kwa muda mrefu bila kuwashwa huweza kufungiwa vituo hata kama ada imelipwa, na dawa yake ni hiyo hiyo.

Kwa redio ya nyumbani kazi kubwa ni antena. Setilaiti za kampuni hiyo zimekaa juu ya ikweta, na kwa aliye Marekani ikweta iko kusini. Basi antena huwekwa kwenye dirisha linaloelekea upande huo, pasipo mti wala jengo refu mbele yake. Mijini kampuni ina minara ya kurudia matangazo, nayo husaidia palipo na maghorofa. Kuna pia redio ndogo zinazochomolewa garini na kupachikwa nyumbani. Hizo hazihitaji usajili wa pili, kwa kuwa kinachosajiliwa ni nambari ya redio, wala si ya gari au vifaa inamopachikwa.

Hata hivyo, kufungua ni rahisi kuliko kufunga. Gari jipya huja na kipindi cha majaribio bila malipo, mara nyingi miezi mitatu. Aliyetoa nambari ya kadi yake hujikuta akikatwa ada muda huo ukiisha, na mara nyingine kwa kiwango kilicho juu kuliko alichozoea. Mnamo Disemba 2023 Mkuu wa Sheria wa jimbo la New York, Letitia James, aliishtaki SiriusXM akidai inawazungusha wateja wanaotaka kujiondoa. Mnamo Novemba 2024 jaji wa jimbo hilo aliamua kwamba utaratibu wa kujiondoa ulivunja sheria ya taifa inayotaka mteja apewe njia nyepesi ya kufanya hivyo. Yeyote anayesajili redio leo afadhali aandike mahali tarehe ambayo muda wa bure utaisha. Auzaye gari naye akumbuke kusitisha usajili wake, la sivyo ataendelea kulipia muziki anaousikiliza mwingine.

Afrika nayo ilikuwa na redio yake ya setilaiti, na hata ilitangulia. Kampuni ya WorldSpace, iliyoanzishwa mwaka 1990 na Noah Samara, mzaliwa wa Ethiopia, ilirusha setilaiti ya AfriStar mnamo Oktoba 1998, miaka mitatu kabla ya XM kuanza kutangaza Marekani. AfriStar ilikaa juu ya ikweta katika nyuzi 21 mashariki. Kwa mkazi wa Nairobi hiyo ilikuwa karibu utosini, imeinamia magharibi kidogo, naye aliweka antena uwanjani au dirishani akapata BBC na vituo vya muziki bila mkwaruzo. Masomo ya Taasisi ya Elimu ya Kenya (KIE) pia yalipitia huko kuzifikia shule za msingi.

Mwanzoni vituo vingi vilikuwa vya bure. Baadaye kampuni ikaanza kutoza ada, na mwenye redio akalazimika kuisajili ili afunguliwe. Mnamo Oktoba 2008 iliomba kinga ya mahakama dhidi ya wadai wake, na mwishoni mwa mwaka 2009 biashara ya kuwauzia wasikilizaji vituo ikafika kikomo. Redio hizo hazikuharibika. Nyingi zingali zinawaka zikichomekwa kwenye umeme, lakini wa kuzitumia amri ya kufungua vituo hayupo tena, nazo haziwezi kunasa setilaiti nyingine kwa sababu ziliundwa kwa masafa ya kampuni hiyo pekee.

Jambo hili lafaa kukumbukwa na wale ambao jamaa zao hurudi kutoka ughaibuni na zawadi. Redio ya SiriusXM iliyoletwa Kenya haiwezi kufunguliwa kwa ada yoyote ile, kwani setilaiti zake humulika Amerika Kaskazini tu. Kabla ya kuifunga kwenye sanduku la safari, ni afadhali jamaa huyo aiuze huko huko.